Sanguine: neno la damu linalozungumza habari za moyo

Barua ilitoka kwa mnunuzi wa kahawa wa ng'ambo, ukurasa mmoja na nusu. Chama cha wakulima wa mlimani, huku kwetu Kasese, magharibi mwa Uganda, kiliniita niwasomee kwa Kiswahili, kwa sababu katika mkutano wao wamo Wakonzo, wamo Watoro, wamo Wanyankole na jamaa waliovuka kutoka upande wa Kongo kupitia Mpondwe, na Kiswahili ndicho kinachowakalisha wote kwenye benchi moja. Katikati ya ukurasa nikakuta sentensi hii: "We are sanguine about this year's cherry."

"Cherry" nililijua. Ni tunda la kahawa likiwa bado na ganda lake bichi. "Sanguine" sikulijua. Nilikuwa na kamusi ndogo mfukoni, nikaifungua, ikanijibu: -ekundu kama damu. Nikaona mambo yamekaa sawa, kwani kila mkulima wa arabika anajua tunda zuri ni jekundu. Nikawasomea: "Tunataka matunda mekundu ya mwaka huu."

Mama Mwenyekiti akasema, "Basi tuchague." Siku mbili nzima akina mama walikaa juu ya maturubai wakichambua tunda moja moja, jekundu huku, lililochanganya manjano kule, ute mtamu umewaganda vidoleni na nyuki wanawazunguka. Barua haikuwa imeomba hayo. Ilisema tu kwamba wana matumaini mema na mavuno yetu, na katika aya iliyofuata ikauliza tuna magunia mangapi, jibu lifike kabla ya Jumamosi. Jibu letu lilikwenda Jumatatu. Nafasi ya shehena ya kwanza ikawa imeshapewa wengine.

Mama Mwenyekiti hakunigombeza. Aliniambia, "Mwalimu, siku nyingine ukikuta neno huna hakika nalo, tuambie huna hakika. Sisi tutasubiri."

Tangu siku ile nina utaratibu wangu wa kulishika neno hili, na nimeuona ukinifaa hata kwa maneno mengine ya jamii yake. Nauandika hapa kwa ajili ya wafasiri, walimu na makarani wa vyama, hasa sasa ambapo kazi ya kugeuza maandishi ya Kiingereza kuwa Kiswahili nchini Uganda inazidi kuhitajika. Kiswahili ni lugha rasmi ya pili katika Katiba yetu tangu marekebisho ya mwaka 2005, na Julai 2022 Baraza la Mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na za sekondari. Watakaosoma tafsiri zetu ni wengi kuliko zamani.

Hatua ya kwanza: litamke

Lisome kana kwamba limeandikwa kwa Kiswahili: sa-ngwin. Hiyo "ngw" ni ileile ya ngwe ya shamba. Mkazo uko kwenye silabi ya kwanza, na kwa kuwa neno lina silabi mbili tu, ulimi wa Mswahili utaweka mkazo hapo wenyewe. Kosa ninalolisikia mara nyingi ni kumalizia kwa "gwaini", kama mtu anayetaja divai. Mwisho wake ni mfupi.

Hatua ya pili: jua lilikotoka

Hapa usipite haraka, kwa sababu asili ya neno hili ndiyo inayoeleza kwa nini maana zake mbili, wekundu na matumaini, zinaishi nyumba moja.

Kilatini kiliita damu "sanguis". Neno likapitia Kifaransa likaingia Kiingereza katika zama za kati, wakati tiba ya Ulaya ilikuwa bado inafuata mafundisho ya Wayunani. Tangu enzi za Hippocrates, karne ya 5 kabla ya Kristo, hadi kwa Galen katika karne ya 2 baada yake, waganga wale walishika kwamba mwili unaendeshwa na majimaji manne: damu, kohozi, nyongo ya manjano na nyongo nyeusi. Kila moja lilipewa hali mbili. Damu ni joto na unyevu, nyongo ya manjano ni joto na ukavu, kohozi ni baridi na unyevu, nyongo nyeusi ni baridi na ukavu. Afya ni yote manne kuwa sawa. Likizidi moja, linamtawala mtu, linampa hulka yake.

Aliyezidiwa na damu alijulikana kwa mashavu yaliyoiva wekundu, kwa uchangamfu, kwa wepesi wa kupenda na kuthubutu, na kwa kuiamini kesho kabla haijafika. Huyo ndiye aliyeitwa "sanguine". Kwa hiyo wekundu wa uso na matumaini ya moyo vilikuwa dalili za jambo moja. Tiba yenyewe ilikuja kuachwa, neno likabaki, na kadiri karne zilivyopita upande wa matumaini ukaufunika upande wa damu. Wenzake watatu nao wamo katika Kiingereza hadi leo: "phlegmatic" wa kohozi, mtu mpole asiyeshtuka, "choleric" wa nyongo ya manjano, mwepesi wa hasira, na "melancholic" wa nyongo nyeusi, mwenye huzuni.

Msomaji wa Kiswahili asidhani haya ni mambo ya Wazungu peke yao. Elimu hiyohiyo ilipita mikononi mwa matabibu wa Kiarabu na Kiajemi, Ibn Sina miongoni mwao, ikateremka hadi pwani yetu ya Afrika Mashariki. Ndiyo maana maumivu ya viungo tunayaita baridi yabisi. Yabisi ni kavu. Baridi na ukavu: hali zilezile mbili za nyongo nyeusi, zimelala ndani ya jina la ugonjwa ambao bibi zetu wanausugua kwa mafuta kila jioni, bila yeyote kumkumbuka Galen. Na kule kuumika kwa pembe, ambako Waganda, watu wa Buganda, wanakuita okulumika, kunakwenda na wazo lilelile kwamba damu ikizidi au ikiharibika hupunguzwa.

Sasa linganisha. Kiswahili nacho kinaitumia damu kueleza watu, ila kwa kazi nyingine. Damu zetu zimepatana, maana yake tumependana. Fulani ana damu ya kunguni, maana yake watu wanamchukia bila sababu. Damu inamchemka, ana hasira. Udugu, mvuto na hasira ndizo kazi za damu kwetu. Matumaini tunayaweka pengine: tunatiana moyo, tuna moyo mkunjufu, moyo umetulia, moyo umevunjika. Kwa hiyo anayefasiri "sanguine" kwa maana yake ya leo analihamisha neno kutoka kwenye damu na kulipeleka kwenye moyo. Mimi nililiacha kwenye damu, na akina mama wakachambua kahawa.

Hatua ya tatu: tazama neno limekaa kwenye karatasi gani

Kabla ya kufungua kamusi, uliza unasoma nini.

Kama ni ripoti, barua ya biashara, habari ya gazeti au hotuba ya bajeti, maana ni matumaini. Hiyo ndiyo maana ya kila siku, na unaweza kuianzia bila hofu.

Kama ni semina ya wachumba au ya ndoa, maana ni hulka. Mafundisho ya hulka nne yamekuwa maarufu sana makanisani huku kwetu, na utamsikia kijana akisema, "Mimi ni sanguine, mke wangu ni melancholic." Hapo neno halizungumzii matumaini ya jambo fulani. Linamtaja mtu mchangamfu, mzungumzaji, anayezoea wageni upesi na kusahau ahadi upesi vilevile. Mchangamfu ndilo neno lake zuri, na sioni haja ya kutafuta jingine.

Kama ni habari za uchoraji, ni chaki ya rangi nyekundu iliyoelekea kahawia, inayotokana na udongo wenye madini ya chuma. Wachoraji wa Italia waliipenda. Picha ya mzee mwenye ndevu ndefu iliyohifadhiwa Turin, ambayo wengi wanaamini Leonardo da Vinci alijichora mwenyewe, imechorwa kwa chaki hiyo. Rangi yake ni ya udongo wa barabarani wakati wa kiangazi. Nembo za koo za Ulaya nazo zina rangi ya jina hilo, nyekundu iliyoiva kama damu.

Na kama maandishi ni ya kale sana, simama kwanza. Zamani neno liliweza kuwa na maana ya -enye damu kabisa, hata -a kumwaga damu. Soma aya nzima kabla ya kuchagua.

Hatua ya nne: tafuta kama kuna "not" mbele yake

Hii ndiyo hatua ninayoisisitiza kuliko zote. Waandishi wa Kiingereza hulitumia neno hili katika kukanusha mara nyingi mno: "not sanguine", "less sanguine", "hardly sanguine". Sababu iko katika asili yake. Matumaini ya "sanguine" yametokana na hulka ya mtu zaidi ya ushahidi aliouona. Anayesema "hopeful" anatamani jambo liwe. Anayesema "optimistic" anaona dalili njema. Anayeitwa "sanguine" ametulia moyoni ingawa mashaka yapo mbele yake, kana kwamba damu yake ndiyo iliyomhakikishia. Kwa hiyo neno lina harufu kidogo ya kujiamini kuliko inavyostahili, na mwandishi makini hupenda kulitumia pale anapokataa kujiamini huko.

Chukua sentensi hii: "The board is not sanguine about prices." Nimeona tafsiri nne za maneno kama haya, na tofauti zake ni za fedha.

"Bodi imekata tamaa na bei." Hii imezidisha. Aliyekata tamaa hapangi tena, na mkulima akisikia hivi anaweza kuuza shambani kwa dalali wa kwanza anayepita.

"Bodi haifurahishwi na bei." Hii imekosea wakati. Furaha ni ya bei ya leo, na sentensi inaitazama bei ijayo.

"Bodi haina matumaini na bei." Iko karibu, lakini katika Kiswahili kutokuwa na matumaini ni jambo zito, karibu na kukata tamaa. Daktari anaposema hakuna matumaini, ndugu huanza kuchangishana fedha za mazishi.

"Bodi ina mashaka kuhusu mwenendo wa bei." Hii ndiyo inayokwenda. Kwa mazungumzo ningesema, "Mioyo ya wajumbe haijatulia kuhusu bei." Ukanushaji huu wa Kiingereza ni wa adabu: mtu anasema kidogo ili ueleweke zaidi. Anaposema hana utulivu, anamaanisha ana wasiwasi wa kweli, ila mlango hajaufunga.

Ukikuta "less sanguine", kuna wakati mwingine unaolinganishwa, nao lazima uonekane: matumaini yao yamepungua kuliko msimu uliopita. Mfasiri anayeandika tu "hawana matumaini sana" ameutupa msimu uliopita. Ukikuta "too sanguine" au "overly sanguine", mtu analaumiwa: alijipa matumaini kupita kiasi, pengine ameacha mbachao kwa msala upitao. Ukikuta "remain sanguine", rudi nyuma utafute tatizo, maana huwezi kubaki umetulia kama hakuna kilichotikisa. Ukame, ugonjwa wa mibuni, shilingi kupoteza thamani, lazima kiwepo kitu. Tafsiri yako iseme bado: "Licha ya ukame, bado wana imani kwamba mavuno yatakuwa mazuri."

Tazama pia kihusishi. Jambo linalotumainiwa huletwa na "about". Maandishi ya zamani hutumia "of", kama katika "sanguine of success". Kinachofuata hapo ndicho kiini cha sentensi, na ni lazima kibaki kimeshikana na matumaini katika Kiswahili chako. Mimi nilipokosea, nilichukua sifa ya mtu aliyeandika barua nikaibandika kwenye tunda. "Sanguine" haikuwa sifa ya kahawa. Ilikuwa sifa ya "we".

Hatua ya tano: wajue ndugu zake usije ukawachanganya

Hapa pana hatari ya kweli, kwa sababu sura zao zinafanana na maana zao zimeachana.

"Sanguinary" ni -a kumwaga damu: vita, mauaji, sheria ya kikatili. Ukisoma harakaharaka unaweza kumfanya kiongozi mwenye matumaini kuwa mwuaji, au kinyume chake. Weka kidole chini ya neno usome hadi herufi ya mwisho.

"Consanguinity" ni udugu wa damu. Sheria ya urithi ya Uganda inalitumia, nayo ina jedwali la kuhesabu hatua za udugu kati ya marehemu na jamaa zake, kwa hiyo karani wa mirathi atakutana nalo mapema. Usilifasiri kwa ukoo. Ukoo kwetu ni mpana kuliko damu inayohesabika. Kwa Waganda, wenye muziro mmoja, yaani mnyama au kitu kinachoutambulisha ukoo, hawaoani hata kama hakuna anayeweza kutaja babu anayewaunganisha, na jedwali la sheria halina habari na muziro. Andika udugu wa damu, uachie hapo.

Hospitalini utakuta "serosanguineous", majimaji mepesi yaliyochanganyika na damu, kwa mfano yanayotoka kwenye kidonda cha upasuaji. Utakuta pia "exsanguination", kuishiwa damu kwa kuvuja. Muuguzi anayewaeleza ndugu wa mgonjwa asibaki na maneno hayo mdomoni.

Na wafugaji watakutana na Rhipicephalus sanguineus, kupe wa kahawia wa mbwa. Jina hilo ni Kilatini cha wanasayansi, maana yake ni ya damu tu. Hakuna matumaini ndani yake.

Hatua ya sita: ukitaka kulitumia mwenyewe

Litumie kwa watu na kwa mawazo yao: "a sanguine man", "a sanguine view", "a sanguine forecast". Usilitumie kwa hali ya hewa wala kwa shamba, kwani vitu hivyo havina moyo. Ni neno la maandishi rasmi. Sokoni Owino, kule Kampala, hakuna atakayekuelewa, na si lazima waelewe.

Vijana wanaoandika barua za kuomba kazi nawasihi waliache. "I am sanguine that I will be hired" inasikika kama mtu aliyekwisha kujipa kiti kabla ya kukaribishwa. Andika "I hope". Neno kubwa halimpandishi mwombaji daraja, na hili linaweza kumshusha.

Hatua ya mwisho: msomee atakayeifanyia kazi

Tafsiri ikiisha, usiipeleke bado. Mtafute mtu asiyejua Kiingereza, ambaye maisha yake yanaguswa na maandishi yale, umsomee kwa sauti, kisha umwulize swali moja: ukisikia hivi, kesho asubuhi utafanya nini? Usimwulize kama ameelewa. Kwa heshima atakujibu ndiyo.

Msimu uliofuata ilikuja barua nyingine ya mnunuzi yuleyule. Safari hii iliandikwa kwamba kuhusu ubora wa kahawa yetu wanabaki "sanguine", ila kuhusu bei za miezi ijayo "we are less sanguine than before". Nikaomba usiku mmoja. Asubuhi nikapanda hadi kwa Mama Mwenyekiti, nikamkuta anageuza kahawa kwenye kichanja, nikamsomea: "Kuhusu ubora wa kahawa yenu, bado tuna imani nao. Kuhusu bei za miezi ijayo, mioyo yetu haijatulia kama ilivyokuwa mwanzo."

Nikamwuliza kesho atafanya nini.

Akaendelea kugeuza kahawa kwa kiganja, akafika mwisho wa kichanja, akasema, "Nitawaambia tuuze nusu sasa. Nusu ikae ghalani tuone."

Nikaikunja karatasi nikateremka kuipiga chapa.